Mshindi Aliyejulikana Kabla: WrestleMania Machoni pa Watu wa Kivu

Tarehe 31 Machi 1985 watu 19,121 walijazana Madison Square Garden, New York, kutazama mieleka. Ulingoni walikuwa Hulk Hogan na mwigizaji Mr. T, wakipambana na Roddy Piper na Paul Orndorff. Mwisho ulikuja hivi: Orndorff amemkamata Hogan kwa nyuma, na mpambe wao Bob Orton, aliyekuwa na plasta mkononi, akapanda juu ya kamba na kuruka ampige Hogan kwa plasta ile ile. Hogan akachomoka. Plasta ikamshukia Orndorff kisogoni. Hogan akamlalia, mwamuzi akahesabu mpaka tatu, ukumbi ukalipuka kwa shangwe. Hivyo ndivyo ilivyozaliwa WrestleMania, sikukuu ya kila mwaka ya mieleka ya kulipwa. Ajali ile ilikuwa imepangwa tangu mwanzo.

Aliyekuwa akilinda amani nje ya kamba siku hiyo ni Muhammad Ali. Mkongo akilisikia jina hilo hahitaji maelezo. Usiku wa kuamkia tarehe 30 Oktoba 1974, katika Stade du 20 Mai mjini Kinshasa, Ali alimwangusha George Foreman katika raundi ya nane, huku maelfu wakiimba kwa Kilingala wakimtaka amuue. Kisichokumbukwa sana ni kwamba ule ulimi wake, yale majigambo na matusi ya kutia chumvi kabla ya pambano, Ali mwenyewe alisema aliyachota kwa mwanamieleka Gorgeous George, aliyekutana naye Las Vegas mwaka 1961. George alimweleza kwamba watu watalipa kiingilio ili waone mwenye kiburi akipigwa, na kiingilio ni kiingilio. Kwa hiyo Kinshasa, bila kujua, ilikuwa imeshaonja mieleka ya Marekani miaka kumi kabla WrestleMania haijapata jina.

Nayo Kinshasa ilikuwa na mieleka yake. Wakongo huiita katchi, kwa jina lililokuja na Wabelgiji, lakini mizizi yake ni ya nyumbani zaidi kuliko jina. Kulikuwa na mieleka ya vijiji vya Mto Kongo, na mitaani mwa mji wa wakoloni ukazaliwa mukumbusu, mtindo wa kupigana unaoiga miondoko ya gorila, ambao mtafiti Katrien Pype aliuandikia makala mwaka 2007. Zama za Mobutu jina kubwa lilikuwa Kelekele Lituka. Baadaye akaja Edingwe, na wengine wengi wenye majina ya kutisha. Siku ya pambano mchana mtaa hausomi wala haufanyi kazi: wanamieleka wanapita juu ya gari, nyuso zimepakwa rangi au zimefichwa kwa barakoa, matarumbeta yanalia mbele, watoto wanakimbia nyuma, na mmoja wao huenda amejifungia nyoka shingoni au anasindikizwa na jeneza. Usiku ulingo unasimamishwa barabarani au kiwanjani. Hapo kuna wanaopigana kwa nguvu za mwili tu, na kuna wanaokuja na dawa. Mwenye dawa hamgusi mwenzake. Anampulizia unga, anamnyooshea kidole, na jitu lenye misuli kama mbuyu linaanza kuyumba, linapiga magoti, linalala. Mwamuzi anahesabu.

Nakaa kidogo hapa kwa sababu hapa ndipo swali la Wamarekani linapokosa wa kulijibu. Kwa miaka mingi kwao ubishi ulikuwa mmoja: mieleka ni ya kweli au ya uongo? Wanamieleka waliapa kuitunza siri hata mbele ya ndugu zao. Kisha mwaka 1989 kampuni ya Vince McMahon, aliyekuwa mwenye WrestleMania, ikakiri mbele ya wabunge wa jimbo la New Jersey kwamba hayo ni maonyesho tu, wala si mashindano. Haikuwa toba, walitaka kukwepa kodi na masharti ya tume ya michezo. Ufaransa walikuwa wameshalimaliza jambo hilo mapema zaidi: Roland Barthes, katika kitabu chake Mythologies cha mwaka 1957, aliandika kwamba mieleka ya kulipwa ni tamasha, na mtazamaji wala hajali kama matokeo yamepangwa. Kinshasa wanauliza jingine kabisa: dawa ya nani ina nguvu? Anayeamini na asiyeamini wanakaa benchi moja, na wote wawili wanapiga kelele.

WrestleMania yenyewe ilifika pande zetu za maziwa ikiwa imepoteza tarehe. Huko kwao ni Machi au Aprili, kwa kawaida usiku wa Jumapili, na tangu mwaka 2020 ni usiku mbili. Inapoanza saa moja jioni New York, Bukavu ni saa saba za usiku, wiki imeshageuka, na huo ni msimu wa masika, mvua inapiga mabati hata sauti ya televisheni haisikiki. Wenye dishi walikuwa wachache. Wengine waliipata kwa kaseti za VHS, kisha kwa sahani za DVD katika vibanda vya video vyenye jenereta uani, kisha kwa kadi za simu zinazojazwa picha na kijana mwenye kompyuta sokoni. Kisiwani Idjwi, katika Ziwa Kivu, ambako boti ndiyo barabara ya Bukavu na ya Goma, na ambako umeme wa kuchaji simu ni wa jua, pambano la miaka ishirini iliyopita na la mwezi uliopita hukaa katika kadi moja bila kugombana. Hogan anamnyanyua André the Giant, aliyetangazwa kuwa na uzito wa kilo 236, mbele ya watu ambao kampuni ilidai walikuwa 93,173, ile WrestleMania ya tatu ya 29 Machi 1987. Ukibonyeza mara moja unamkuta Brock Lesnar akivunja rekodi ya ushindi 21 wa Undertaker, Aprili 2014. Mzee na mjukuu wanabishana juu ya mabingwa ambao hawakuwahi kukutana. Hata herufi zilituchanganya. Mpaka mwaka 2002 kampuni iliitwa WWF, na hapa Kivu herufi hizo tulizizoea kwenye magari ya watunza mazingira wenye nembo ya panda. Kesi ilipoamuliwa Uingereza, panda alishinda, kampuni ikawa WWE. Labda ndilo pambano pekee katika historia yake ambalo matokeo yake hayakuandikwa na McMahon.

Undertaker ndiye, nadhani, aliyeeleweka upesi kuliko wote. Mtu anayeingia gizani, kengele zinalia, anawafunga wenzake kwenye jeneza, akianguka anainuka ameketi kana kwamba kifo kimemkataa: huyo kwetu hakuhitaji mkalimani. Mtazamaji aliyekulia kwenye habari za katchi ya Kinshasa alimweka moja kwa moja kwenye safu ya wenye dawa.

Lakini kuna sababu ya ndani zaidi ya kuielewa sikukuu yenye mshindi aliyejulikana kabla, na hiyo iko Idjwi kwenyewe. Kisiwa hiki cha Wahavu, chenye urefu wa kilomita zipatazo 40, kilipata ufalme wake mwanzoni mwa karne ya 19, ukoo wa Basibula ulipojikita chini ya Mwendanga. Rwabugiri wa Rwanda akakivamia na kumuua Kabego, mwana wa Mwendanga. Rwabugiri alipofariki mwaka 1895 kisiwa kikarudi mikononi mwa wenyeji, na leo kina tawala mbili za kimila, Rubenga kaskazini na Ntambuka kusini. Kiini cha ufalme huo kilikuwa Muganuro, sherehe ya kila mwaka ya mazao ya kwanza. Mwanahistoria David Newbury, aliyefanya utafiti kisiwani miaka ya 1970 na kuchapisha kitabu Kings and Clans mwaka 1991, ameieleza kwa kirefu. Mwami, yaani mfalme, hawezi kuifanya peke yake. Kila ukoo wenye dhamana una kazi yake, una kitu chake cha kuleta na zamu yake ya kukileta, na ukoo mwingine hauwezi kuichukua zamu hiyo. Newbury anakwenda mbali zaidi: anaonyesha kwamba koo zenyewe zilijijua kuwa koo kwa kadiri zilivyopata nafasi mbele ya mwami.

Hakuna aliyekwenda Muganuro akijiuliza kama safari hii mwami atakubali kuonja nafaka. Walijua. Walikwenda kuona inatendeka, na kuona nani yuko wapi. Wabelgiji walilijua hilo pia: mwaka 1925, ng'ambo ya ziwa nchini Rwanda, walimpeleka uhamishoni Burundi Gashamura, mkuu wa Umuganura, sherehe ya aina hiyo hiyo ya huko, na Umuganura wa mwami ukazimika. Kama ungekuwa mchezo mtupu wangeuacha. Siku hizi Rwanda wameurudisha kuwa sikukuu ya taifa, Ijumaa ya kwanza ya Agosti.

Sisemi kwamba Hogan ni mwami wala kwamba mkanda wa ubingwa ni ngoma ya kifalme. Muganuro ulikuwa na mizimu, njaa na mvua nyuma yake. WrestleMania nyuma yake ina tiketi na fulana. Ninachosema ni kwamba mtu wa Idjwi hakuhitaji kudanganywa ili afurahie.

Palipo na udanganyifu wa kweli ni kwingine. James Harris, mtoto wa Mississippi aliyezaliwa mwaka 1950, alivishwa ngozi mwaka 1982, akapakwa rangi usoni na tumboni, akaachwa pekupeku na kuitwa Kamala, jitu la Uganda, eti mla watu na mlinzi wa zamani wa Idi Amin. Hakuruhusiwa kuzungumza. Alipambana na Hogan mwenyewe, na mwaka 2001 alirudishwa kwenye WrestleMania ya 17 katika pambano la kuwakumbuka wahusika wa vichekesho. Kisukari kilimkata miguu, na alifariki Agosti 2020. Mganda halisi hakuwahi kuulizwa. Ilibidi kungoja mpaka 7 Aprili 2019, Kofi Kingston, mzaliwa wa Ghana, alipomshinda Daniel Bryan na kuwa bingwa wa WWE wa kwanza aliyezaliwa Afrika. Na yeye pia alikuwa ameanza kazi akiigiza Mjamaika.

Jibu la Waganda lilitoka kwenye tope. Tangu mwaka 2023, huko Mukono, vijana wa Soft Ground Wrestling wanapigana katika ulingo wa miti na kamba uliojengwa juu ya udongo laini, chini ya kiongozi wao anayejulikana kama Bumbash. Video zao zilienea duniani kote. Hakuna aliyevaa ngozi.

Kivu bado haijaandikwa. Katchi ya Kinshasa ina wapiga picha na watafiti wake. Muganuro una Newbury. Lakini mieleka ya wachunga ng'ombe wa pande za ziwa, mabango ya mapambano, vibanda vya video vilivyofungwa simu zilipoingia, vyote hivyo viko vichwani mwa watu ambao umri unakwenda. Msomaji mwenye mzee nyumbani, Bukavu au Bugarula kisiwani Idjwi, amkalishe, awashe kinasa sauti cha simu ile ile anayoangalizia Undertaker, na amwulize nani alikuwa akiangusha wenzake enzi zao, wapi, na mbele ya nani. Kisha asiifute sauti hiyo ili kupata nafasi ya pambano jipya.