Kihamba

Kihamba (wingi: vihamba) ni bustani ya nyumbani ya Wachagga katika miteremko ya Mlima Kilimanjaro, Tanzania. Mimea yake hupandwa kwa matabaka: juu kabisa miti mirefu kama mringaringa na msesewe, ambao gome lake hutia uchungu mbege, pombe ya ndizi, chini yake migomba, kisha mibuni, na karibu na ardhi magimbi, maharage na mboga. Mibuni ililetwa na wamisionari Wakatoliki mwishoni mwa karne ya 19. Migomba ni ya kale zaidi. Kila shina la mgomba huachiwa machipukizi machache ya umri tofauti ili ndizi zipatikane mwaka mzima. Ng'ombe na mbuzi hufugwa zizini, hulishwa majani na vigogo vya migomba, na samadi yao hurudishwa mashinani. Mifereji ya asili, mifongo, huleta maji kutoka mitoni. Mipaka huoteshwa masale. Mahindi kwa kawaida hulimwa mbali, katika mashamba ya tambarare. Kihamba hurithiwa upande wa baba, na kugawanywa kila kizazi kumekifanya kiwe kidogo mno. Mwaka 2011 Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa (FAO) lilitambua kihamba cha Shimbwe Juu kuwa urithi wa kilimo wenye umuhimu duniani.