Shahada ya uhandisi kwa njia ya mtandao

Shahada ya uhandisi kwa njia ya mtandao ni masomo ya chuo kikuu ambayo mwanafunzi huyafuata akiwa nyumbani au kazini, kwa mihadhara iliyorekodiwa na mazoezi yanayokusanywa kwa kompyuta. Huwafaa hasa mafundi sanifu wenye stashahada, watu ambao wana ajira na familia na hawawezi kuacha kazi kwa miaka minne.

Njia hii ilianza kabla ya intaneti. Chuo Kikuu Huria cha Uingereza, kilichoanzishwa mwaka 1969 na kupokea wanafunzi wa kwanza mwaka 1971, kilifundisha kupitia vipindi vya BBC na kutuma masanduku ya vifaa vya majaribio kwa posta. Chuo Kikuu cha North Dakota, Marekani, kilianza mwaka 1989 kwa kanda za video walizopelekewa waajiriwa wa viwandani, nao wakatakiwa kufika chuoni majira ya kiangazi kufanya kazi za maabara. Mwaka 2013 Chuo Kikuu cha Jimbo la Arizona kilifungua shahada ya uhandisi wa umeme inayosomwa mtandaoni.

Hisabati na nadharia hazina shida kubwa. Pengine hufundishika vizuri zaidi hivi, kwa kuwa mwanafunzi aliyeachwa njiani anaweza kurudia mhadhara mpaka aelewe. Kazi iko maabara. Chukua kichujio rahisi cha umeme chenye kipinga cha omu 1,000 na kapasita ya mikrofaradi 0.1. Programu ya uigaji itasema mpaka wa masafa yake ni hezi 1,592, na itasema hivyo kila mara. Mwanafunzi akikiunda mezani kwa vipande halisi, ambavyo thamani yake huweza kupishana na maandishi kwa asilimia 5 au 10, jibu laweza kuangukia popote kati ya hezi 1,380 na 1,860, na ni juu yake kueleza kwa nini. Hapo ndipo uhandisi unapoanza. Kwa sababu hiyo baadhi ya vyuo huwataka wanafunzi wa umeme wawe na vifaa vyao vya kupimia vinavyochomekwa kwenye kompyuta.

Njia nyingine ni maabara ya mbali, ambamo kifaa halisi huendeshwa kupitia mtandao. Taasisi ya MIT ilianza mwaka 1998 na maabara ya kupima tranzista, kisha ikashirikiana na Makerere, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na Obafemi Awolowo cha Nigeria. Mwanafunzi hutuma maelekezo ya kipimo, mashine hupima, majibu hurudi, hata kama intaneti yake ni ya kusuasua. Uhandisi wa ujenzi hausafirishiki kirahisi namna hiyo: mchemraba wa zege hauna budi kumwagwa, kutunzwa majini siku 28 na kuvunjwa kwenye mashine, na mwanafunzi awepo.

Jambo zito kuliko yote ni ithibati. Nchini Marekani shirika la ABET huithibitisha programu moja moja, si chuo kizima. Chuo chenye jina kubwa chaweza kuwa na shahada ya mtandaoni isiyotambuliwa na bodi za wahandisi. India ilionyesha hasara yake. Novemba 2017 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliamua kuhusu vyuo vilivyotoa shahada za uhandisi kwa masafa bila idhini ya baraza la elimu ya ufundi, ikisisitiza kwamba mafunzo kwa vitendo ndiyo uti wa mgongo wa elimu hiyo. Shahada za waliojiunga kati ya 2001 na 2005 zilisimamishwa hadi wafaulu mtihani maalumu. Za waliojiunga baadaye zilifutwa. Walioumia ni watu waliokwisha kulipa, kusoma na kuajiriwa.

Mtanzania anayesoma katika chuo cha nje kwa njia hii huhitaji shahada yake itambuliwe na Tume ya Vyuo Vikuu, kisha akubaliwe na Bodi ya Usajili wa Wahandisi, ambayo humsajili kwanza kama mhandisi mhitimu. Usajili wa mhandisi mtaalamu huja baada ya miaka ya kazi chini ya usimamizi. Maswali kuhusu ithibati na maabara yaulizwe kwa maandishi, kabla ya kulipa ada ya muhula wa kwanza.