Desturi ya Kung'oa Thamostati: Historia ya Injini Murongo na Karagwe

Murongo ni kata ya Wilaya ya Kyerwa, mkoani Kagera, iliyoko ukingoni mwa Mto Kagera, mahali ambapo mto huo unaitenganisha Tanzania na Kikagati ya Uganda. Na kabla ya Kyerwa kumegwa kutoka Karagwe mwaka 2012, kituo hicho cha mpakani kilihesabiwa kuwa pembe ya kaskazini ya Wilaya ya Karagwe. Historia ya usafiri wa magari katika nchi hiyo ya vilima, migomba na mibuni imeandikwa zaidi kwa upande wa barabara na mazao, huku kazi ya mafundi makanika walioyaweka magari hayo barabarani ikiachwa nje ya vitabu. Miongoni mwa desturi walizorithishana mafundi hao, kama wenzao kote Afrika Mashariki, iko moja inayostahili kuchunguzwa kwa sababu ilianza kwa hoja na imeendelea bila hoja: injini ikichemsha, yaani joto lake likipita kiasi hadi maji yakafoka kwenye rejeta, fundi hufungua kasha la thamostati, huitoa, hulifunga kasha likiwa tupu, na gari hurudishwa kwa mwenyewe likihesabiwa kuwa limepona.

Thamostati ni vali ndogo inayokaa kwenye njia ya maji kati ya injini na rejeta. Injini ikiwa baridi, vali hufunga na maji huzunguka ndani ya injini peke yake ili ipate joto upesi; joto likifika kiwango kilichopangwa, ambacho kwa magari mengi madogo ni nyuzi 82 au 88 za Selsiasi na huchongwa kwenye chuma cha kifaa chenyewe, vali huanza kufunguka na kuyaruhusu maji yaende kupozwa kwenye rejeta. Magari ya mwanzo hayakuwa nayo. Ford Model T, iliyotengenezwa kuanzia 1908 hadi 1927, isipokuwa zile za mwanzo kabisa, ilitoka kiwandani bila hata pampu ya maji, kwa kuwa ilitegemea kanuni kwamba maji ya moto hupanda na ya baridi hushuka, nayo yakazunguka yenyewe. Thamostati zilizofuata zilitumia mvukuto mdogo wa shaba nyeupe wenye kimiminika kinachogeuka mvuke kwa urahisi, na katika miaka ya 1930 Sergius Vernet, mvumbuzi aliyefanya kazi Marekani, alibuni aina inayotumika hadi leo, ambayo ndani yake mna nta iliyofungiwa kwenye kikopo cha chuma: nta ikiyeyuka hutanuka kwa nguvu, husukuma kijiti na kuifungua vali, na ikipoa springi huirudisha vali mahali pake.

Mabadiliko hayo ya kiufundi yana uzito katika historia hii kuliko yanavyoonekana. Mvukuto wa zamani ulipotoboka, kwa kawaida uliiacha vali wazi, kwa hiyo hitilafu yake haikumdhuru mtu zaidi ya kuichelewesha injini kupata joto. Aina ya nta ni imara kuliko mvukuto na haiyumbishwi na presha ya mifumo mipya ya kupozea iliyoenea baada ya Vita vya Pili vya Dunia, lakini nta yake ikivuja, springi hubaki bila mpinzani, vali hufungwa moja kwa moja, na maji ya injini hayapati tena njia ya kwenda kwenye rejeta. Katika hali hiyo dakika chache za kupanda mlima hutosha kuipinda silinda hedi, kuunguza gasketi yake, au kuifanya injini inoki, yaani pistoni zikwame kabisa. Fundi aliyewahi kuona injini nzima ikifa kwa sababu ya kifaa kinachoenea kiganjani hakuhitaji kushawishiwa zaidi kwamba kifaa hicho ni adui.

Magari yaliingia katika sehemu hizi kwa kufuata mali. Kuanzia miaka ya 1920 uchimbaji wa bati ulishika kasi Kyerwa kwa upande wa Tanganyika na Kikagati kwa upande wa Uganda, na kahawa ya Karagwe ilihitaji kufikishwa Bukoba ili ivuke Ziwa Victoria. Lori za Bedford, ambazo kiwanda chake nchini Uingereza kilianza kuziunda mwaka 1931, zilikuwa miongoni mwa zilizobeba mizigo ya namna hiyo katika makoloni ya Uingereza, zikifuatwa baadaye na Land Rover na Peugeot. Vilima vingi vya Karagwe viko kati ya mita 1,500 na 1,800 juu ya usawa wa bahari, hali bonde la Kagera pale Murongo liko chini zaidi, hivyo lori lililotoka mpakani na shehena lilianza safari yake kwa kupanda, kwa gia nzito na mwendo mdogo, likiwa na upepo haba wa kuipoza rejeta. Kwenye mwinuko huo maji yaliyo wazi huchemka kwenye nyuzi 95 hivi badala ya 100, kwa hiyo rejeta ambayo kifuniko chake kimechoka na hakishiki tena presha huanza kufoka mapema kuliko ingefoka Dar es Salaam. Tandiboi, msaidizi wa dereva wa lori, alikuwa na dumu la maji kama sehemu ya vifaa vyake vya kazi, na dumu hilo lilijazwa kwenye kijito au kisima chochote kilichopatikana njiani. Maji hayo yaliingiza tope, chumvi za madini na kutu, ambavyo viliziba rejeta na kugandisha thamostati.

Desturi ya kuing'oa ingeweza kubaki hatua ya dharura iwapo kifaa kipya kingepatikana kwa urahisi, lakini historia ya uchumi wa Tanzania ilikwenda kinyume. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika mwaka 1977, na mwaka uliofuata majeshi ya Idi Amin yaliivamia ardhi ya Kagera na kuliharibu daraja la Kyaka, ambalo ndilo kiungo cha Bukoba na ardhi iliyoko kaskazini mwa Mto Kagera. Vita vilivyofuata viliigeuza njia ya kuelekea Mbarara, mji wa Uganda uliotekwa na majeshi ya Tanzania Februari 1979, kuwa njia ya kijeshi. Gharama za vita hivyo, pamoja na kupanda kwa bei ya mafuta duniani mwaka 1979, ziliikausha akiba ya fedha za kigeni, na kuanzia hapo hadi katikati ya miaka ya 1980 spea ikawa bidhaa ya kupangiwa, ya magendo au ya kubuni. Serikali ililegeza masharti mwaka 1984, ikawaruhusu watu kuagiza bidhaa kwa fedha zao wenyewe za kigeni, na mwaka 1986 ikaanza mpango wa kufufua uchumi kwa makubaliano na Shirika la Fedha la Kimataifa.

Katika miaka hiyo ya ukame, fundi aliyekata gasketi kwa mkasi kutoka kwenye karatasi nene, aliyeziba rejeta kwa risasi na aliyeondoa thamostati moja kwa moja hakuwa mzembe. Alikuwa akitenda lililo sahihi kwa injini aliyokuwa nayo. Kwenye injini nyingi za Bedford na Land Rover za wakati ule, thamostati ilikaa mahali maji yanapotokea injini kuelekea rejeta, na njia ya mchepuko, yaani ile inayoyarudisha maji kwenye injini bila kupitia rejeta, ilikuwa nyembamba. Ukiitoa thamostati, maji mengi yalipita kwenye rejeta muda wote na lori likapanda mlima bila kufoka. Hasara zilikuwepo, ila hazikuonekana upesi: injini iliyofanya kazi ikiwa baridi ilikunywa mafuta zaidi, oili yake ilichanganyika na unyevu ikawa uji, na silinda zake zililika mapema. Kuna kejeli hapa ambayo wanahistoria wa uchumi wameipita kimya, kwamba nchi iliyofikia kuzuia magari binafsi kutembea Jumapili alasiri ili kuokoa mafuta ilikuwa, kwa wakati huohuo na kwa kukosa kifaa cha bei ndogo, ikiyachoma mafuta hayo bure katika injini zisizopata joto lake.

Mabadiliko makubwa yalikuja na magari yaliyotumika kutoka Japani, ambayo tangu miaka ya 1990 yameziondoa Bedford na Peugeot katika barabara za Karagwe na kuleta Hiace, Noah, Probox na lori za Fuso. Injini ya Probox, ile ya lita 1.5 iitwayo 1NZ-FE, haifuati mpangilio wa zamani. Thamostati yake inakaa upande ambao maji yanaingia kwenye injini kutoka rejeta, na inapofunguka hupunguza wakati huohuo maji ya mchepuko. Ikiondolewa, mchepuko hubaki wazi daima, na sehemu ya maji ya moto hurudi ndani ya injini bila kupozwa. Matokeo yake ni kwamba gari hukosa joto asubuhi kwenye mteremko na huweza kuchemsha adhuhuri kwenye mlima, likiwa limejaza abiria na mikungu ya ndizi. Zaidi ya hayo, kompyuta ya injini hizi hupima joto la maji ili iamue kiasi cha petroli, na ikiona maji ya baridi huongeza petroli kana kwamba injini ndiyo kwanza imewashwa. Dawa iliyoiponya Bedford, kwa hiyo, ni sumu kwa Probox, na kosa la kizazi cha mafundi waliofuata lilikuwa kurithi tendo bila kurithi sababu yake.

Namna ya kuitambua thamostati mbovu haihitaji gereji, na ni sehemu ya elimu ambayo desturi ya kung'oa iliizika. Iliyokwama ikiwa imefungwa hujulikana kwa mshale wa joto kupanda haraka baada ya kuwasha huku paipu moja ya rejeta ikiwa ya moto sana na nyingine ingali baridi. Iliyokwama ikiwa wazi hujulikana kwa mshale unaochelewa kupanda, unaoshuka gari likiteremka, na kwa hita isiyotoa joto. Kabla ya kuihukumu, mwenye gari hukagua kwanza kifuniko cha rejeta, kwa sababu kifuniko kizima, kwa presha kinayoishika, huongeza kiwango cha kuchemka cha maji kwa takriban nyuzi 20, na injini nyingi zilizosemwa kuwa na thamostati mbovu zilikuwa na kifuniko kibovu tu.

Kipimo cha uhakika ni sufuria ya maji jikoni, ambamo thamostati huning'inizwa kwa uzi bila kugusa chini, pamoja na kipimajoto, na kutazamwa inaanza kufunguka kwenye nyuzi ngapi. Hapa mwinuko wa Karagwe huleta mtego ambao vitabu vya magari vilivyoandikwa pwani za Ulaya na Japani havikuufikiria. Thamostati hufunguka yote kwenye nyuzi 10 hadi 15 juu ya kiwango inachoanzia, hivyo iliyochongwa 82 hufunguka karibu yote kwenye sufuria inayochemka Nkwenda au Kayanga, lakini iliyochongwa 88 haiwezi kufunguka yote kamwe kwenye maji yanayoishia nyuzi 95, hata ikiwa mpya kutoka dukani. Anayeipima aina hiyo na atazame kama inaanza kufunguka karibu na nyuzi 88 na kufunga tena ikipoa. Akisubiri ifunguke yote, ataitupa nzima.

Kubadilisha kwenyewe ni kazi ya saa moja au mbili kwa injini iliyopoa kabisa, kwani kufungua kifuniko cha rejeta ya moto kumewaunguza watu wengi nyuso na mikono. Maji hukingwa kwenye beseni, bolti mbili au tatu za kasha hufunguliwa, mabaki ya gasketi ya zamani hukwanguliwa bila kuchuna aluminiamu, na kifaa kipya huwekwa springi ikielekea ndani ya injini na kile kitundu chenye kijiti kinachocheza kikiwa juu, ili hewa ipate pa kutokea. Mfumo hujazwa kulanti, yaani kimiminika cha kupozea, iliyochanganywa na maji safi, na injini huachwa iungurume kifuniko kikiwa wazi hadi mapovu yakome na paipu zote mbili zipate moto. Hewa iliyobaki ndani huweza kuichemsha injini yenye thamostati mpya, na hapo ndipo fundi asiye na subira huing'oa tena.

Siku hizi kifaa hicho hakikosekani. Barabara ya lami kutoka Mbarara hadi Kikagati, yenye urefu wa kilomita 74 hivi, imeusogeza mji huo wa Uganda karibu na Murongo, na upande wa pili spea hutoka Bukoba kupitia Kyaka na Kayanga. Sababu zote zilizoifanya thamostati ing'olewe, yaani uhaba, injini za zamani na maji ya kijito, zimeondoka au zinaweza kuepukwa, na desturi iliyobaki haina tena utetezi wa kihistoria. Anayenunua gari lililotumika Karagwe au Kyerwa na alifungue kasha la thamostati kabla ya kulipa, na akilikuta tupu, apunguze bei kwa kuhesabu gharama ya thamostati, kulanti na oili mpya.