Kunywana: neno lililopita kooni

Umoja hauonekani kwa macho. Wazee wa ng'ambo ya Ruzizi waliutajaje basi? Banyarwanda walisema «kunywana». Watu wawili walichanjwa karibu na kitovu, kila mmoja akanywa damu ya mwenzake. Tangu siku ile wakawa ndugu, na mvunja agano aliogopa kufa. Wazo lilipita kooni kwanza, ndipo likafika akilini.

Padri Vincent Mulago, mzaliwa wa Birava (1924), alichunguza desturi hizi kwa Bashi, Banyarwanda na Barundi. Mwaka 1956, katika kitabu cha mapadri weusi kilichotoka Paris, aliandika kwamba agano la damu na ushirika wa chakula ni mawe yanayongojea Komunyo ya Ekaristi. Naye pia aliwaza kwa mikono: hayo ni mawe ambayo fundi wa kujenga huyaacha yamechomoza ukutani, ili ukuta wa kesho ushikamane nayo.

Picha ni nzuri, lakini mimi yanisumbua kidogo. Wazee hawakunywana kwa kungojea ukuta mwingine. Kwao nyumba ilikuwa imekwisha, na moto ulikuwa unawaka ndani.