Mfalme na Dawa ya Mauti

Tamaa ya kuishi milele ni ya watu wote, lakini maskini huishia kuitamani, na mfalme huweza kuitolea amri. Tofauti hiyo yaonekana katika habari za Qin Shi Huang, ambaye mwaka 221 kabla ya Kristo alimaliza kuzishinda dola sita, akaifanya Uchina nchi moja yenye mizani moja na mwandiko mmoja.

Baada ya kuwashinda watu, alibakiwa na adui mmoja, mauti. Mwanahistoria Sima Qian, aliyeandika zaidi ya miaka mia baadaye, asimulia kwamba mfalme alimtuma Xu Fu baharini pamoja na maelfu ya vijana, wavulana kwa wasichana, kutafuta visiwa vilivyodhaniwa kukaliwa na viumbe wasiokufa. Dawa haikuletwa. Tena, vipande vya mbao vilivyofukuliwa Liye, jimboni Hunan, mwaka 2002 vyaonyesha kuwa amri ya kuitafuta ilifika hata vijijini. Kijiji kimoja kilijibu kwamba hakijaipata, ila kingali kikitafuta. Nani angethubutu kumwandikia mfalme kuwa dawa hiyo haipo?

Hapo ndipo madhara ya tamaa hiyo yalipo. Sima Qian asema mfalme alichukia mauti yatajwe, na mawaziri hawakuthubutu kuyataja. Jambo lisilotajwa halitengenezewi. Mwaka 210 kabla ya Kristo, umri wake haujafika miaka 50, aliugua safarini. Akamwandikia mwanawe mkubwa, Fusu, lakini barua haikupelekwa. Waziri Li Si na towashi Zhao Gao walikificha kifo chake, wakapakia samaki wa chumvi garini ili harufu yao ifunike harufu ya maiti, wakaghushi wasia, na Fusu akajiua. Kodi na kazi za shokoa zilikuwa zimekwisha kuwachosha raia. Dola iliyokosa mrithi imara haikudumu hata miaka mitano.

Wahenga wetu walisema ajali haina kinga, na ajali kwao ilikuwa siku ya mtu iliyokadiriwa. Mwaka 1974 wakulima waliokuwa wakichimba kisima karibu na Xi'an walikuta askari wa udongo wa kuchoma, waliowekwa kulilinda kaburi la mfalme huyo. Walinzi wamedumu, bwana wao hakudumu. Lakini mwandiko uliosanifiwa kwa amri yake ulikuwa msingi wa mwandiko wa Wachina wa vizazi vilivyofuata. Alichojitafutia nafsi yake hakukipata. Alichowaachia wengine kingali hai.