Tatiana Proskouriakoff na Wafalme wa Wamaya

Tatiana Proskouriakoff (1909–1985) ndiye mtaalamu wa akiolojia aliyeonyesha kwamba maandishi kwenye nguzo za mawe za Wamaya wa kale yanaeleza kuzaliwa kwa wafalme, kutawazwa kwao na vita walivyopigana. Kabla yake, wataalamu wakubwa walishikilia kwamba maandishi hayo yanahusu kalenda, nyota na miungu tu.

Alizaliwa Tomsk, Siberia. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza baba yake alitumwa Marekani kusimamia utengenezaji wa silaha za jeshi la Urusi, na baada ya mapinduzi ya 1917 familia haikurudi tena kwao. Tatiana alisomea usanifu majengo huko Pennsylvania akahitimu mwaka 1930, wakati uchumi umeanguka na kazi za ujenzi hazipatikani. Akajishikiza kwenye uchoraji katika jumba la makumbusho la Chuo Kikuu cha Pennsylvania, na mwaka 1936 Linton Satterthwaite akamchukua kwenda kwenye uchimbaji wa Piedras Negras.

Piedras Negras ni magofu ya mji wa Wamaya kando ya mto Usumacinta, upande wa Guatemala. Huko alipima mabaki ya kuta na ngazi, kisha akachora majengo yalivyokuwa enzi za uhai wa mji huo. Michoro yake ilimvutia Sylvanus Morley wa Taasisi ya Carnegie, aliyefanikisha safari zake za kwenda kuchora Copán, nchini Honduras, na miji ya Yucatán, Mexico. Kazi hiyo ilichapishwa kama kitabu mwaka 1946. Mwaka 1950 alitoa kitabu cha pili, kuhusu sanaa ya uchongaji. Humo alilinganisha mavazi, vilemba vya manyoya na mikao ya watu katika mamia ya sanamu, akaonyesha namna ya kukadiria umri wa jiwe hata kama tarehe yake imefutika.

Tarehe zenyewe zilikuwa zimeanza kusomeka tangu karne ya 19. Wamaya waliandika tarakimu kwa nukta na mistari: nukta ni moja, mstari ni tano. Alama nyingine nyingi zilikuwa bado hazijafumbuliwa. Kwa kuwa kilichosomeka kilikuwa hesabu ya siku, Morley na J. Eric S. Thompson walihitimisha kwamba Wamaya walikuwa jamii ya amani iliyoongozwa na makuhani, na kwamba watu waliochongwa kwenye mawe ni miungu au makuhani hao.

Proskouriakoff alitilia shaka jambo hilo alipochunguza mpangilio wa nguzo za Piedras Negras. Nguzo zilisimamishwa kwa makundi mbele ya majengo, kwa kawaida moja kila baada ya takriban miaka mitano. Kila kundi lilianza na nguzo inayoonyesha mtu ameketi juu, ndani ya kishubaka, na mara nyingi chini yake pana ngazi yenye alama za nyayo. Katika maandishi, tarehe moja iliambatana na alama ya kichwa cha chura kilichoelekezwa juu. Tarehe nyingine, ya miaka 12 hadi 31 baadaye, iliambatana na kichwa kilichofungwa kitambaa kama cha mtu anayeumwa jino. Na tarehe za kundi lolote hazikupita urefu wa maisha ya mtu mmoja.

Maana yake ikawa wazi: chura ni kuzaliwa, kitambaa ni kutawazwa, na kila kundi ni utawala wa mfalme mmoja. Hoja hiyo aliichapisha mwaka 1960. Alionyesha pia kwamba watu waliovaa kanzu ndefu, waliodhaniwa kuwa makuhani wa kiume, ni wanawake wa ukoo wa kifalme. Thompson, aliyekuwa na sauti kuliko wote katika fani hiyo, alikubali kwamba Proskouriakoff yuko sahihi. Mwaka 1963 na 1964 Proskouriakoff aliendelea na Yaxchilán, mji wa ng'ambo ya mto, akafuatilia maisha ya wafalme wawili aliowaita Ngao-Jagwa na Ndege-Jagwa, pamoja na mateka waliowakamata vitani.

Hakuwa peke yake. Mwaka 1952 Yuri Knorozov, akiwa Umoja wa Kisovieti, alitoa hoja kwamba sehemu ya alama za Wamaya inawakilisha silabi, na mwaka 1958 Heinrich Berlin alitambua alama maalumu za kila mji. Knorozov alifungua njia ya kutamka maneno. Proskouriakoff alionyesha maneno hayo yanahusu nini.

Miaka yake ya mwisho aliitumia katika Jumba la Makumbusho la Peabody, Harvard, akichambua vito vya jade vilivyoopolewa kwenye kisima kitakatifu cha Chichén Itzá na kuandika historia ya Wamaya, iliyochapishwa mwaka 1993 baada ya kifo chake. Majivu yake yalizikwa Piedras Negras. Orodha za wafalme wa Tikal, Palenque na Copán zinazofundishwa leo zinatokana na njia aliyoifungua, na dhana ya Wamaya wasiojua vita haina tena nafasi katika vitabu vya historia.