Rafael, mtumwa kutoka Cuba aliyeonekana katika filamu za kwanza bila jina lake

Watu wa Paris walimwita Chocolat. Jina hilo lilibandikwa kwenye matangazo ya sarakasi, lakini halikuwa jina lake. Aliitwa Rafael, na alikuwa miongoni mwa waigizaji weusi wa kwanza kuonekana katika sinema.

Rafael alizaliwa katika utumwa huko Cuba, kisiwa kilichotawaliwa na Hispania, kwenye miaka ya 1860. Akiwa bado mtoto aliuzwa kwa mfanyabiashara mmoja, akapelekwa Hispania kutumika nyumbani kwa familia ya bwana huyo. Alipopata nguvu alitoroka. Ili apate chakula alichimba madini na kubeba mizigo katika eneo la Bilbao. Hapo ndipo mchekeshaji Mwingereza, Tony Grice, alipomwona na kumchukua.

Mwaka wa 1886 wakafika Paris, kwenye sarakasi iliyoitwa Nouveau Cirque. Ni mwaka huohuo utumwa ulipofutwa Cuba. Baadaye Rafael aliungana na Mwingereza mwingine, George Foottit, na wakachekesha watu pamoja kwa miaka mingi. Foottit alikuwa bwana mwenye kuamuru, Rafael akawa yule anayepigwa makofi. Watazamaji walicheka, na wengi wao walicheka kwa sababu aliyepigwa alikuwa mweusi.

Sinema nayo ilikuwa changa. Ndugu Lumière walikuwa wameonyesha picha zao mbele ya watu waliolipa kiingilio huko Paris tarehe 28 Desemba 1895. Karibu na mwaka wa 1900, michezo ya Foottit na Chocolat ikarekodiwa katika filamu za Lumière, kila moja ikidumu chini ya dakika moja, bila sauti. Katika mojawapo, Chocolat anawekewa tunda kichwani ili Foottit alilenge kwa bunduki.

Vilevile Rafael alikuwa akienda hospitalini kuchekesha watoto wagonjwa. Mwaka wa 1911 alijaribu kuigiza katika tamthilia, akitaka kutambuliwa kama mwigizaji kamili, lakini mchezo huo haukufaulu. Kazi ikapungua. Alifariki Bordeaux tarehe 4 Novemba 1917, akazikwa katika sehemu ya maskini. Kwenye hati ya kifo aliandikwa Padilla, jina la ukoo ambalo hakuwa nalo alipokuwa mtumwa.

Kwa karibu miaka mia moja alisahaulika, hadi mwanahistoria Mfaransa Gérard Noiriel alipofuatilia maisha yake. Mwaka wa 2016 ilitoka filamu juu yake, akiigizwa na Omar Sy, ambaye wazazi wake walihamia Ufaransa kutoka Afrika Magharibi. Mwaka huohuo kibao cha kumkumbuka kiliwekwa Paris, mahali sarakasi ile iliposimama.

Sura yake ilihifadhiwa na kamera. Jina lake lilihitaji mtu wa kulitafuta, na mtu anayepoteza kwao hupoteza kwanza wale wanaolijua jina lake.